Safari ya Neno "Kibarua"

Katika toleo hili naomba nafasi nieleze habari za neno moja ambalo sote twalitumia kila siku, nalo ni neno kibarua. Sikulichagua kwa kuwa mimi ni bingwa wa lugha. Nalichagua kwa sababu lilinitia aibu, na ni haki niieleze aibu hiyo kwanza, ili msomaji ajue kwa nini mwanafunzi wa Kidato cha Nne ameacha hesabu zake akafuata historia ya neno moja.

Mtakumbuka kwamba mapema mwaka huu walikuja watu kuchimba msingi wa bweni jipya. Siku moja wakati wa mapumziko tulisimama barazani kuwatazama. Mwenzetu mmoja akasema, "Mwoneni yule mzee anavyohangaika na sururu. Someni jamani, msije mkawa vibarua!" Wote wakacheka, nami nikacheka pamoja nao. Mzee yule alikuwa baba yangu. Alikuwa amepata kazi ile asubuhi ile ile, wala mimi sikuwa na habari. Aliinua kichwa akaniona, akapangusa jasho, akaendelea kuchimba. Hakuniita. Nami sikwenda kumwamkia.

Likizo ilipofika nilikwenda nyumbani na moyo mzito. Nikamwambia baba, "Shikamoo baba. Nimekuja kukuomba radhi." Akaitika, "Marahaba mwanangu," kisha akanyamaza kitambo. Mwisho akasema, "Kibarua si tusi. Ukitaka kujua ni nini, nenda kamwulize babu yako. Yeye ameanza kazi hizo zamani kuliko mimi." Basi nilikwenda kwa babu, na baada ya babu nikaenda kwa mwalimu wetu wa Kiswahili, na baada ya mwalimu nikafungua kamusi za zamani katika maktaba. Haya ndiyo niliyoyapata.

Kwanza tulitazame umbo la neno lenyewe. Katika Kiswahili, ki- mwanzoni mwa jina mara nyingi huonyesha udogo. Mlima mdogo ni kilima, mto mdogo ni kijito, mtoto mdogo sana ni kitoto. Vivyo hivyo barua ndogo ni kibarua. Barua lenyewe ni neno tulilolipata kwa Waarabu, kama yalivyo maneno mengi ya kuandika na kusoma: kalamu, karatasi, kitabu. Kwa hiyo asili yake kibarua si mtu wala si kazi. Ni kikaratasi.

Je, kikaratasi kiligeukaje kuwa mtu? Inatupasa kurudi Unguja ya karne ya 19. Wakati wa Seyyid Said, aliyefariki mwaka 1856, mashamba ya mikarafuu yalienea sana Unguja na Pemba, na bandari ilijaa majahazi na merikebu. Wafanyabiashara wa Kihindi na Kiarabu, na wengine kutoka Marekani, Uingereza, Ufaransa na Ujerumani, walikuwa na maghala yao mjini. Walihitaji watu wa kupakia na kupakua, wa kubeba pembe za ndovu, wa kuchambua na kufunga karafuu na sandarusi. Siku meli inapofika walitaka watu wengi. Siku bandari iko kimya hawakumtaka mtu. Ndiyo sababu waliwachukua watu kwa siku tu.

Sasa bwana wa ghala atamjuaje nani amefanya kazi na nani hakufanya, na watu ni wengi? Alimpa kila mmoja kikaratasi, yaani kibarua. Jioni, au siku ya malipo, mtu hurudisha kikaratasi chake na kupokea ujira. Kamusi kubwa ya Frederick Johnson iliyotolewa mwaka 1939 yaeleza kwamba jina hili la mfanya kazi wa siku lilitokana na kikaratasi hicho. Mwenye karatasi alilipwa, na asiye na karatasi alikwenda zake mikono mitupu.

Si ajabu basi kwamba karani mlangoni alianza kuwaita watu kwa jina la walichoshika. Hata sisi leo twafanya hivyo. Ukipanda daladala utamsikia kondakta akiuliza, "Elfu mbili yuko wapi? Chukua chenji yako." Elfu mbili si jina la mtu, lakini abiria aliyetoa noti ile hugeuka na kunyosha mkono. Muuguzi naye husema, "Kitanda cha tano amekunywa dawa?" Tofauti ni kwamba abiria akishuka huliacha jina lile garini, na mgonjwa akipona huliacha hospitali. Mtu wa ghalani hakuliacha. Alirudi kesho yake, na kesho kutwa, na jina likamganda.

Jambo moja zaidi lazima lisemwe, ingawa linauma. Wengi wa vibarua wale wa kwanza walikuwa watumwa. Bwana wao aliwatoa wakafanye kazi kwa watu wengine, na jioni walimletea sehemu ya ujira, mara nyingi nusu nzima. Hali ya utumwa iliondolewa kisheria Unguja na Pemba mwaka 1897, pwani ya Kenya mwaka 1907, na Tanganyika mwaka 1922. Utumwa ulikwisha, lakini neno lilibaki, likawa jina la mtu huru anayeuza nguvu zake kwa siku. Mimi naona kwamba dharau tunayoitia katika neno hili huenda ina mizizi huko. Twamcheka mtu wa leo kwa minyororo ya watu wa jana.

Kutoka pwani mtindo wa kuandika kazi za watu katika karatasi ulienea bara, na huko neno jingine likatumika, nalo ni kipande. Kwa Kenya, sheria ya kuwaandikisha wanaume Waafrika ilipitishwa mwaka 1915, ikaanza kutumika baada ya Vita Kuu ya Kwanza. Kila mwanamume wa miaka 16 na zaidi alilazimishwa kuchukua cheti chenye alama za vidole vyake, majina ya waliomwajiri na mshahara aliolipwa. Cheti kilitiwa katika kikopo cha chuma, na watu walikivaa shingoni kwa kamba. Kuonekana bila kipande lilikuwa kosa. Harry Thuku na wenziwe walipinga jambo hili kwa nguvu, na Thuku alikamatwa mwezi wa Machi mwaka 1922.

Kwa Tanganyika, kipande kilichojulikana zaidi ni kile cha mashamba ya mkonge. Mkonge si mmea wa asili ya kwetu. Ulioleta mashamba haya ulikuwa ni mzigo wa miche 1,000 aliouagiza Mjerumani Richard Hindorf kutoka Florida mwaka 1893. Iliyofika salama ilikuwa 62 tu. Kutokana na miche hiyo michache ilitokea kazi kubwa, hata mwaka 1964 nchi yetu ilitoa tani 230,000 hivi za singa. Kila singa ya mkonge huo ilipita mikononi mwa mtu mwenye kadi.

Babu yangu alikuwa mmoja wao. Alianza mwaka 1959 katika shamba moja la mkoa wa Tanga, akiwa kijana. Nilipomwuliza habari za kipande alichora mchanga kwa fimbo yake. "Kadi ilikuwa na vyumba 30," alisema. "Ukimaliza kazi yako ya siku, karani hutia alama katika chumba kimoja. Usipoimaliza hupati alama, hata kama jasho limekutoka tangu alfajiri. Kadi ikijaa ndipo ulipwe. Ukiugua, kadi haijui kwamba unaugua. Hukungoja tu."

Nikamwuliza, "Babu, mliitwa vibarua?"

Akacheka. "Sisi tuliotoka karibu tuliitwa majina yetu. Waliotoka mbali waliitwa manamba."

Hilo nalo ni neno lenye habari zake. Watu wa mikataba waliletwa kutoka nchi za mbali: Wabena, Waha, Warundi, Wamakonde kutoka Msumbiji na wengineo. Mwaka 1944 wenye mashamba walianzisha ofisi ya kuwatafuta wafanyakazi, ikajulikana kwa jina la SILABU. Kila aliyeletwa kwa mkataba alipewa namba yake, na kutoka namba wakawa manamba. Babu alisema, "Nalikuwa na rafiki kutoka upande wa Kigoma. Nilijua namba yake miezi miwili kabla ya kujua jina lake. Siku nilipomwuliza jina, alinitazama kama niliyempa zawadi."

Sikulisahau neno hilo la babu. Ghalani Unguja mtu aliitwa kikaratasi, na katika mkonge mtu aliitwa namba. Kazi ni moja, na njia ya kumsahau mtu ni moja.

Walakini watu hawakukubali kusahauliwa. Katika bandari za Mombasa na Dar es Salaam wapakizi wengi walikuwa vibarua wa siku. Asubuhi walisimama mlangoni, na aliyechaguliwa aliingia. Asiyechaguliwa alirudi nyumbani bila chakula cha watoto. Mwaka 1939 waligoma Mombasa na Dar es Salaam pia. Mwaka 1943 wa Dar es Salaam wakagoma tena, na mwaka 1947 ukawa mgomo mkubwa katika miji yote miwili. Walitaka ujira ulio bora na kazi iliyo na uhakika. Baada ya hapo wakubwa wa bandari walianza kuona kwamba watu hawa ni lazima waandikwe na kutambuliwa, wasiwe wa kuokotwa asubuhi na kutupwa jioni.

Sasa tuje kwenye maana mpya. Maana neno hili, baada ya kutoka katika karatasi na kuingia katika mtu, halikutulia hapo.

Kwanza lilihama kutoka kwa mtu likaingia katika kazi yenyewe. Twasema, "Amepata kibarua mjini," na maana yake amepata kazi. Hapo awali ilikuwa kazi ya siku chache, lakini leo hata mtu mwenye ofisi na kiti cha kuzunguka husema, "Haya, nawahi kibaruani." Anasema kwa unyenyekevu wenye mzaha ndani yake, kama mtu mwenye nyumba kubwa anayekwambia, "Karibu kibandani kwangu."

Pili, kutokana na maana hiyo ulizaliwa usemi ambao magazeti ya michezo huupenda mno: kibarua kimeota nyasi. Kocha akifungwa mechi tatu mfululizo, tutasoma kwamba kibarua chake kimeota nyasi, yaani amefukuzwa. Mfano wake ni rahisi kuuona. Njia inayopitwa kila siku haioti kitu. Nyasi zikiota, ujue mwenye njia haji tena.

Tatu, kibarua kimekuwa jambo lo lote gumu linalomkabili mtu. Husemwa, "Timu yetu ina kibarua kigumu Jumamosi," au "Mwenyekiti ana kibarua cha kuwapatanisha wanachama wake." Hapa hapana ujira wala karatasi. Limebaki lile jasho tu. Waliolitumia neno hivi kwa mara ya kwanza walijua vema, pengine bila kufikiri, kwamba kazi ya kibarua ni kazi nzito.

Maneno mengine ya kazi nayo yamesafiri. Mshahara linatokana na neno la Kiarabu la mwezi, kwa kuwa ni malipo ya mwezi. Ndiyo maana zamani mtu wa mshahara na mtu wa kibarua walikuwa watu wawili mbalimbali. Kuandikwa kazi ni kuajiriwa, kwa sababu jina liliandikwa katika daftari. Posho ilikuwa chakula cha kupimiwa wapagazi na wafanyakazi, hasa unga. Leo Kenya na Uganda posho bado ni unga au ugali, lakini kwetu Tanzania imepanda cheo, ikawa fedha anazopewa mtu kwa kuhudhuria kikao. Manamba huko Kenya ni kijana anayepiga kelele mlangoni mwa matatu akiita abiria. Katika daladala zetu kuna deiwaka, dereva au kondakta anayeshika kazi ya mwenziwe kwa siku. Neno hilo ni la Kiingereza lililovishwa kanzu ya Kiswahili, na maana yake ni kibarua yule yule. Hata Kariakoo, soko letu mashuhuri la Dar es Salaam, ni jina lililotokana na jeshi la wapagazi wa Waingereza wakati wa Vita Kuu ya Kwanza. Watu hununua nyanya pale bila kujua kwamba wanataja wabeba mizigo, ambao maelfu yao walikufa njiani.

Mpaka hapa msomaji aweza kusema, "Vema, tumejifunza maneno. Lakini aibu yako imeponaje?" Iliponea katika somo la sarufi.

Mwalimu wetu alinipa sentensi moja nikaichambue: "Kibarua amepata kibarua kigumu." Akaniuliza kwa nini la kwanza lina a- na la pili lina ki-, na hali neno ni moja. Nikajibu kwamba la kwanza ni mtu na la pili ni kitu. Akasema, "Basi fikiri." Nikafikiri. Jina hili lina ki- mwanzoni, tena ki- ya udogo. Ndugu zake wengi wa umbo hilo huchukua ki-: kilima kimeporomoka, kijito kimekauka. Lakini hakuna Mswahili asemaye "kibarua kimechoka" kwa maana ya mtu. Twasema "kibarua amechoka," "vibarua wamefika," "vibarua wanadai haki yao." Ghala lilimwita mtu kwa jina la karatasi, na lugha yetu ikalikubali jina hilo. Lakini ilikataa kumhesabu pamoja na karatasi. Ilimpa a- na wa- kama inavyowapa mwalimu na daktari.

Hapo nilielewa maneno ya baba. Kibarua si tusi. Tusi tunalitia sisi, mara nyingi kwa kineno kimoja kidogo cha pembeni: tu. "Nani yule?" "Aa, ni kibarua tu." Ondoeni hiyo tu, mtaona kwamba kilichobaki ni mtu aliyefanya kazi, na karatasi ya kuthibitisha kwamba aliifanya.

Sisemi kwamba kazi ya kibarua ni nzuri kuliko nyingine. Baba mwenyewe haniombei niirithi. Ni kazi isiyo na uhakika, na mvua ikinyesha siku nzima hapana ujira. Ndiyo sababu ananisomesha. Madaftari yangu, sare yangu, sabuni na nauli yangu vimetoka katika sururu ile ile tuliyoicheka. Mtaka cha mvunguni sharti ainame, naye ameinama miaka mingi ili mimi nisimame. Yule mwenzetu aliyesema "Someni" alisema neno la kweli. Kosa lilikuwa katika kicheko, na kicheko kile kilikuwa changu pia.

Bweni sasa limekwisha, nami nimepangiwa kitanda humo, karibu na dirisha. Ukuta wa upande ule umesimama juu ya msingi alioutia jembe baba yangu. Jiwe la mlangoni lina jina la mgeni aliyelifungua, na ni vizuri liwe nalo. Majina ya waliolijenga hayakuandikwa po pote ila katika daftari la malipo.

Basi, ndugu zangu wanafunzi, wiki ijayo watakuja watu wengine kukarabati paa la jiko letu. Tuwaamkie. Walio wakubwa tuwape shikamoo yao. Na mkimwona mmoja amefanana nami kidogo, mwiteni Mzee, kisha njoni mniite, nami nitakuja mbio.